Maurice Garin, mupangusaji wa matundu ya moshi mwenye alishinda Tour de France ya kwanza

Kila asubuhi ku barabara ya Likasi ao ya Kipushi tunapishana na watu wa makala. Wanasukuma kinga zenye kubeba mifuko mirefu kupita kichwa cha mutu, jasho inatiririka, na kila mulima wanapanda kwa miguu. Mutu mwenye anajua ile kazi hawezi kuzarau velo. Ni juu ya ile leo tunataka kuwasimulia maisha ya mutu mumoja mufupi, mutoto wa maskini, mwenye velo ilimutoa mu umaskini. Alikuwa bingwa kupita wote wa wakati wake, kisha akapokonywa ushindi mbele ya inchi yote, na akamalizia siku zake mu muji wa wachimbaji wa makaa ya mawe.

Jina lake ni Maurice Garin. Wengi wetu tunaangalia Tour de France ku televizyo kila mwezi wa saba. Lakini ni wachache wanajua kama mutu wa kwanza kuishinda alizaliwa Italia, na leo analala mu makaburi ya watu wa mine.

Mutoto wa milima

Garin alizaliwa tarehe 3 mwezi wa tatu 1871 mu kijiji cha Arvier, mu bonde la Aosta, kaskazini ya Italia, karibu na mupaka wa Ufaransa. Kule watu walikuwa wanasema Kifaransa hata kama serikali ilikuwa ya Italia. Baba yake alikuwa mutu wa kazi ya mikono, mama yake alikuwa anatumika mu hoteli. Watoto walikuwa tisa, na Maurice alikuwa kijana wa kwanza. Milima ni mirefu, mashamba ni madogo, na wakati wa baridi theluji inafunga njia zote. Kulisha midomo tisa mu pahali kama pale haikuwa mambo ya muchezo.

Mu 1885 jamaa ikavuka milima ya Alpes kuelekea Ufaransa. Maurice alikuwa na miaka 14. Kuna hadisi yenye wazee walipenda kusimulia, kama baba yake alimutoa ku mutu wa kukusanya watoto wa kazi, na badala yake akapewa fromaji moja ya duara. Pengine ni kweli, pengine ni masimulizi tu ya kuchekesha watu. Lakini kitu kimoja hakina mashaka: zamani zile watoto wa milima ile walikuwa wanatafutwa sana juu ya kazi ya kupangusa matundu ya moshi.

Tuelezee kidogo ile kazi. Nyumba za Ulaya zilikuwa zinapata moto ya kuni na ya makaa, na moshi inapanda mu tundu moja refu ndani ya ukuta mupaka juu ya paa. Masizi inashikamana mule ndani, na kama haitoshwe, nyumba inaweza kuwaka. Mutu mukubwa hawezi kuingia. Kwa hiyo wanatafuta mutoto mwenye mwili mudogo, wanamupatia burosi na kikwaruzo, anapanda akijisukuma na magoti na mugongo. Anatoka mweusi sawa masizi yenyewe, macho mekundu, kifua kimejaa vumbi. Wachimbaji wetu hawana lazima ya kuelezewa vumbi ya kazi ni kitu gani.

Garin alifanya ile kazi ku Reims, kisha ku Charleroi mu Ubelgiji, kisha ku Maubeuge, kaskazini ya Ufaransa, kwenye tunamukuta mu 1889. Hakukua sana: urefu wake ulikuwa metre 1 na sentimetre 62 hivi. Hata kisha kuwa tajiri, magazeti yaliendelea kumuita mupangusaji mudogo. Jina la kazi ya utoto halikumutoka tena.

Velo ya franga 405

Ile 1889 alinunua velo yake ya kwanza. Alilipa franga 405, feza nyingi sana kwa kijana wa masizi. Hakuinunua juu ya mashindano. Alipenda tu kwenda mbio, na watu wa Maubeuge wakaanza kumuita mwenda-wazimu namna walimuona anapita mu njia.

Mu 1892 mukubwa mumoja wa chama cha velo cha ule muji akamusukuma aingie mu mashindano ya Maubeuge, Hirson na kurudia, kilometre 200. Garin akakuwa wa tano. Mwaka wenye kufuata akashinda shindano moja kule Ubelgiji.

Sasa tunafika ku siku yenye iligeuza maisha yake. Karibu na Maubeuge, ku Avesnes-sur-Helpe, walipanga shindano. Garin akafika na velo yake, lakini wapangaji wakamukatalia. Walisema kama shindano ni ya watu wa kazi ya velo, wenye kulipwa, na yeye si mumoja wao. Mutu mwingine angerudia nyumbani na kulalamika. Garin akangojea mupaka wote wametoka, kisha akapanda velo yake na kuwafuata nyuma. Akawakamata mumoja mumoja. Alianguka mara mbili, akasimama mara mbili. Mwishoni alifika wa kwanza, akiwaacha wale wa kulipwa karibu dakika 25 nyuma.

Watu wenye walikuwa pale wakashangilia sana. Wapangaji wakakataa kumupa zawadi, yenye ilikuwa franga 150, juu hakukuwa ku liste. Basi watu wenyewe wakatosha makuta mu mifuko na kumukusanyia franga 300, mara mbili ya ile zawadi. Kisha ile siku Garin akaacha burosi ya masizi. Alielewa kama miguu yake inaweza kumulisha.

Sisi tunapenda sana ile hadisi. Wakubwa walisema hapana, watu wa kawaida wakasema ndiyo. Lakini ni muzuri msomaji aichunge mu kichwa, juu mbele tutaona kama watu wa kandokando ya njia hawakuwa rafiki zake siku zote.

Mutu wa safari ndefu

Mashindano ya wakati ule hayakuwa kama ya leo. Velo ilikuwa nzito, hakukuwa vitesse za kubadilisha, barabara ilikuwa ya mawe na vumbi, na wakati wa mvua ilikuwa matope tupu. Watu walikuwa wananyonga usiku na muchana. Garin hakukuwa mutu wa kukimbia mbio mufupi. Nguvu yake ilikuwa mu kuvumilia. Ku Paris alishinda shindano moja ya saa 24 mu baridi kali, akanyonga kilometre 701, wakati karibu wengine wote waliacha njiani.

Mu 1895 yeye na wandugu yake wakafungua duka ya velo ku Roubaix, muji wa viwanda vya nguo. Ndugu zake César na Ambroise nao walikuwa wanashindana. Mwaka wenye kufuata, 1896, shindano ya Paris-Roubaix ikaanzishwa, yenye mupaka leo watu wanaita jehanamu ya kaskazini. Garin akakuwa wa tatu. Mu 1897 akaingia mu uwanja wa Roubaix pamoja na Muholanzi Mathieu Cordang. Cordang akateleza na kuanguka ku muingilio, akasimama, akamufukuza, na Garin akamupita kwa metre mbili tu, mbele ya watu wa muji wake mwenyewe. Mu 1898 akashinda tena, na safari hii hakukuwa mutu wa kumukaribia.

Mu 1901 alifanya kitu kikubwa zaidi. Shindano ya Paris-Brest-Paris ni kutoka Paris mupaka ku bahari na kurudia, kilometre karibu 1.200, bila kukatwa mu siku mbalimbali. Garin alitumia saa 52 na dakika 11. Miaka kumi mbele yake, Charles Terront alishinda ile njia kwa saa 71 na dakika 22. Mu 1902 Garin akaongeza Bordeaux-Paris. Ule wakati alikuwa tayari na uraia wa Ufaransa, na inchi yote ilijua jina lake.

Mwezi wa saba 1903

Tour de France haikuzaliwa juu ya mapendo ya velo peke yake. Ilizaliwa juu gazeti moja lilikuwa linakufa. Lile gazeti, L'Auto, lilichapwa ku karatasi ya manjano na lilikuwa linashindwa na gazeti lingine, Le Vélo, lenye kuuzwa sana. Mukubwa wa L'Auto, Henri Desgrange, alikuwa anatafuta namna ya kupona. Kijana mumoja wa gazeti lake, Géo Lefèvre, akatoa wazo: tuzungushe watu wa velo Ufaransa yote.

Tarehe 1 mwezi wa saba 1903, watu 60 wakasimama ku Montgeron, karibu na Paris, mbele ya nyumba moja ya kunywea. Safari ilikuwa na vipande sita: Lyon, Marseille, Toulouse, Bordeaux, Nantes, na kurudia Paris. Jumla ilikuwa kilometre 2.428. Kipande cha kwanza peke yake, Paris mupaka Lyon, kilikuwa kilometre 467, ni kusema kupita Lubumbashi mupaka Kolwezi na kuendelea tena mbele. Na walikuwa wanakimaliza bila kulala.

Garin alikifunga kwa saa 17 na dakika 45. Lefèvre alipanda treni usiku ili awahi kuona mushindi ku Lyon. Wakati treni inafika, Garin alikuwa tayari amefika. Mutu na velo walishinda chuma na makaa ya mawe!

Toka ile siku mupaka mwisho hakukuwa mwenye alimuondoa ku mbele. Alishinda tena kipande cha tano na cha sita. Wa 60 wenye walitoka, ni 21 tu walimaliza. Garin alitumia saa zote pamoja 94 na dakika 33. Wa pili, Lucien Pothier, alifika karibu saa tatu nyuma yake. Mupaka leo, mu miaka yote ya Tour, hakuna mushindi mwenye aliacha wa pili mbali namna ile.

Zawadi zake zote zilifika franga 6.075. Alikuwa na miaka 32. Na hapa tunaona akili ya mutu mwenye alijua njaa: feza hakuipoteza mu pombe na marafiki. Alienda kununua gareji ku Lens, muji wa makaa ya mawe kaskazini.

Usiku wa 1904

Mwaka wenye kufuata Tour ikarudia, njia ni ile ile, lakini roho ya watu ilikuwa imegeuka. Kila muji sasa ulikuwa na kijana wake wenye kupenda ashinde, na usiku ni mrefu, na polisi iko mbali. Mu kipande cha kwanza, watu wenye kufunika sura wakakuja na motokari na kushambulia Garin na Pothier. Mu kipande cha pili, ku mulima karibu na Saint-Étienne, kundi kubwa lilikuwa linangojea mu giza na fimbo na mawe. Walitaka kijana wa kwao, Faure, apite peke yake. Garin alipigwa. Muitalia mwenzake Giovanni Gerbi alipigwa mupaka akazimia, na vidole vyake vikavunjika. Wapangaji walipiga masasi juu ili watu watawanyike. Ku Nîmes kukakuwa fujo ingine, na pengine watu walimwanga misumari mu njia.

Garin alifika tena wa kwanza ku Paris. Lakini maneno yalikuwa mengi. Walisema fulani alishikilia motokari, fulani alivutwa na kamba, fulani alipanda treni usiku, fulani alipewa chakula pahali penye kukatazwa. Chama cha velo cha Ufaransa kikachukua miezi ine kuchunguza. Mwisho wa mwezi wa kumi na moja 1904, hukumu ikaanguka: Garin, Pothier, César Garin na Hippolyte Aucouturier, wane wa kwanza, wote wakaondolewa ku liste. Ushindi ukapewa wa tano, Henri Cornet, kijana mwenye alimaliza shindano na miaka 19. Garin akakatazwa kushindana miaka miwili.

Chama hakikuelezea wazi kila mutu alihukumiwa juu ya nini. Garin alikana. Wengine mu Lens walisimulia kama ku uzee wake alikubali, akicheka, kama kweli treni alipanda. Sisi hatukukuwako, na hatutaki kukuwa wahakimu wa mutu mwenye alikufa. Lakini tunasema hivi. Kama aliiba, aliharibu jina lenye alitafuta na jasho ya miaka kumi na tano. Kama hakuiba, walimupokonya bila kumuonyesha kosa lake. Mu namna zote mbili iko uchungu. Na wale wenye walipiga watu na fimbo mu giza juu ya mapendo ya kijana wa muji wao, hakuna hata mumoja mwenye jina lake linajulikana leo. Wanakumbukwa tu kama kundi la fujo. Sisi wenye kujaza viwanja vya mupira kila siku ya yenga tufikiri pale kidogo.

Kati ya watu wa mine

Garin hakurudilia ubingwa. Mu 1911, na miaka 40, alijaribu mara ingine Paris-Brest-Paris, akafika wa kumi. Kisha akabakia na gareji yake ku Lens.

Tuongee kidogo juu ya ule muji, juu wasomaji wetu watauelewa mbio kuliko wengine. Lens na miji yenye kuuzunguka ilijengwa juu ya makaa. Iko nyumba za kambi mustari kwa mustari, zote sawasawa, iko mashimo, na iko vilima vyeusi vya takataka za mine, sawa kile kilima chetu cha Lubumbashi chenye kila mutu anaona toka mbali. Kampani ilikuwa na nyumba, masomo, hospitali, hata uwanja wa mupira. Timu ya Lens, yenye rangi nyekundu na zahabu, ilianza mu 1906, na mu miaka ya 1930 ni wachimbaji wenyewe, wenye kukosa kazi, walijenga uwanja wake mukubwa. Kwetu pia mupira na mine vilikomaa pamoja, kwa hiyo haituhitaji kuelezewa zaidi.

Ule mwaka 1906 kule kulikuwa pia na siku ya kilio. Tarehe 10 mwezi wa tatu, asubuhi, moto ikalipuka chini ya udongo mu mine ya Courrières, pembeni ya Lens. Vumbi ya makaa ikawaka ikakimbia mu njia za chini kilometre na kilometre. Watu 1.099 wakakufa, na kati yao watoto wengi. Kisha siku chache wakubwa wakasimamisha kutafuta watu. Kumbe kisha siku 20, watu 13 wakatoka wenyewe, wazima, na mumoja tena kisha siku 24. Wajane na wachimbaji wakakasirika sana, mgomo ikaenea. Sallaumines ni mumoja wa miji yenye ilizika watu wengi ile wiki.

Halafu vita ya 1914 ikakuja. Wajeremani wakashika Lens miaka ine, na wakati vita inaisha muji ulikuwa mawe na majivu, mashimo yamejaa maji. Watu wakajenga upya. Garin, kati yao, akaendelea na velo na motokari. Kisha vita ya pili alikuwa hata na timu ya velo yenye kubeba jina lake, na mu 1950 Muholanzi Wim van Est akaishindia Bordeaux-Paris, ile njia yenye Garin mwenyewe alishinda karibu miaka 50 mbele.

Mu 1953 Tour ilifikisha miaka 50. Walimuita mzee ku Paris, pamoja na mabingwa wengine wa zamani, mbele ya watu wengi. Alikuwa na miaka 82. Wale wenye walimushangilia hawakukuwa wamezaliwa wakati alikuwa anapita mu vumbi ya barabara ya Lyon.

Maurice Garin alikufa ku Lens tarehe 19 mwezi wa pili 1957, na miaka 85. Wakamuzika mu makaburi ya Sallaumines, mule mu udongo wa wachimbaji. Uwanja mumoja wa Lens ulipewa jina lake.

Ushindi wa 1904 haukurudishwa. Lakini wa 1903 hakuna mwenye aliugusa, na hakuna mwenye atakuwa tena wa kwanza wa kwanza. Wazazi wenye wako na mutoto nyumbani mwenye kulilia velo, wamusimulie ya Garin yote, ya uzuri na ya ubaya: namna alikataliwa ku Avesnes na akafuata nyuma, na namna ushindi wenye haukuwa wazi ulimufuata mupaka uzee. Mutoto ataelewa mwenyewe ipi njia ya kunyonga.